Kuhifadhi na Kuhifadhiwa: Sanaa ya Filamu ya Cece Mlay na Kumbukumbu ya Wanyongwa wa Old Moshi

1.0 Utangulizi

Wanafunzi wa taaluma za Kiswahili wamezoea kuichambua riwaya, tamthiliya na ushairi. Filamu, kwa upande wake, imekuwa ikiachiwa wanahabari na wapenzi wa burudani. Hali hii ina sababu zake. Filamu nyingi za Kiswahili zilizosambazwa kwa kanda na santuri tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000 zilitengenezwa kwa haraka ili ziuzwe kwa haraka, na wahakiki wengi waliona kwamba hazikuwa na jambo la kuchambuliwa. Hata hivyo, kandokando ya soko hilo pamechipuka kundi dogo la watunzi huru wanaoishughulikia filamu kama sanaa na kama njia ya kufikiri. Miongoni mwao ni Cece Mlay, mtunzi wa Tanzania aliyeiongoza filamu ya hali halisi iitwayo Das leere Grab akishirikiana na Agnes Lisa Wegner wa Ujerumani. Filamu hiyo ilioneshwa kwa mara ya kwanza mwezi Februari 2024 katika tamasha la filamu la Berlin.

Mhadhara huu unaijadili kazi hiyo kwa jicho la isimu. Hoja inayotetewa ni moja. Nguvu ya mkabala wa Mlay imo katika kuwahamisha marehemu kutoka lugha ya makumbusho, ambamo wao ni vitu, na kuwarudisha katika lugha ya ukoo, ambamo wao ni watu. Uhamisho huo haupimwi kwa picha peke yake. Unaonekana pia katika ngeli, katika vitenzi na katika majina. Ili hoja hii ieleweke, inafaa kuanza na tukio lililotendeka kwenye miteremko ya Kilimanjaro.

2.0 Tukio la Old Moshi

Mangi Meli alirithi utawala wa Moshi kutoka kwa baba yake, Mangi Rindi, aliyefariki mwaka 1891. Mwezi Juni 1892 wapiganaji wake walikishinda kikosi cha Wajerumani kilichopanda mlimani kumtiisha. Ushindi huo haukudumu, kwani mwezi Agosti 1893 jeshi kubwa zaidi lilirudi na kumshinda. Miaka iliyofuata ilikuwa ya utawala wa kijeshi uliosimamiwa na Kapteni Kurt Johannes. Tarehe 2 Machi 1900 Mangi Meli alinyongwa hadharani mahali panapoitwa Tsudunyi, Old Moshi, pamoja na viongozi wengine 18. Miongoni mwao alikuwamo Mangi Ngalami wa Siha, Mangi Molelia wa Kibosho na Mangi Lobulu Kaaya wa Meru, pamoja na viongozi wa Waarusha. Kwa hiyo mti wa Old Moshi si habari ya Wamoshi peke yao. Kifo cha siku ile kiliwaunganisha watu wa Kilimanjaro, wa Meru na wa Arusha.

Simulizi za wenyeji zinaeleza kwamba baada ya kunyongwa, kichwa cha Mangi Meli kilikatwa na kupelekwa Ujerumani. Katika miaka hiyo Felix von Luschan, aliyekuwa mtaalamu katika makumbusho ya Berlin, alikuwa akikusanya mafuvu ya watu kutoka makoloni kwa ajili ya utafiti wa kile kilichoitwa tofauti za mbari. Mwaka 2011 taasisi inayosimamia makumbusho ya taifa ya Berlin ilipokea maelfu ya mafuvu ya aina hiyo. Utafiti uliofanyika baadaye juu ya mafuvu 1,135 yaliyotoka katika eneo la lililokuwa koloni la Kijerumani la Afrika Mashariki ulibainisha kwamba 904 yalitoka Rwanda, 202 Tanzania na 22 Kenya.

Mwezi Septemba 2023 taasisi hiyo ilitangaza matokeo ya uchunguzi wa vinasaba. Fuvu moja lililingana na jamaa wa Akida, mshauri wa Mangi Meli, na mafuvu mawili yalielekea kulingana na watu wa ukoo wa Kaaya wa Meru. Fuvu la Mangi Meli mwenyewe halikuwa miongoni mwa yaliyotambuliwa. Mjukuu wake alikuwa amelitafuta kwa miongo kadhaa.

3.0 Mlima katika filamu za wageni

Kilimanjaro ni miongoni mwa sura za Afrika zinazotambulika zaidi katika filamu za dunia. Mwaka 1952 Marekani ilitoa The Snows of Kilimanjaro, na mwaka 1962 ikafuatia Hatari!, ambayo sehemu yake kubwa ilipigwa kaskazini mwa Tanganyika, katika maeneo ya Arusha. Katika kazi za namna hiyo mlima na nyika ni pazia la nyuma, na mbele ya pazia hilo wageni huishi mapenzi yao, hofu zao na ushujaa wao. Kiswahili husikika kwa vipande, aghalabu kama amri za kazini au maneno ya kupamba. Mwenyeji yumo katika picha, lakini hayumo katika masimulizi.

Filamu za Kitanzania zilianza kuubadili mpangilio huo mapema. Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985 ilimweka mwenyeji katikati ya kisa, na mgogoro wake ulihusu uganga wa jadi na tiba ya hospitali. Baadaye, kampuni ya Kijiweni Productions ya Dar es Salaam, iliyoanzishwa na Amil Shivji, iliendeleza njia ya filamu huru. Mwaka 2021 Shivji alitoa filamu ya Vuta N'Kuvute iliyotokana na riwaya ya Shafi Adam Shafi. Kampuni hiyo ndiyo iliyoshiriki upande wa Tanzania katika kuitengeneza filamu inayojadiliwa hapa. Kwa hiyo Mlay hakuzuka peke yake. Ametoka katika mazingira ambamo Kiswahili huchukuliwa kuwa lugha ya kubeba hoja nzito za historia.

4.0 Mkabala wa kisanaa

Filamu hii inazifuata familia mbili. Ya kwanza ni ya Mbano, ya Songea, kusini mwa nchi. Mzee wao, Nduna Songea Mbano, alinyongwa tarehe 27 Februari 1906 wakati wa Vita vya Majimaji, na familia inaamini kwamba kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Ya pili ni familia ya Kaaya ya Meru, yaani jamaa wa yule Mangi Lobulu aliyenyongwa Old Moshi. Uteuzi huu ni uamuzi wa kisanaa. Familia hizo zinatoka pande mbili za nchi zilizo mbali sana, zina lugha mbili za asili zisizoelewana, na wazee wao walikufa katika mapambano mawili tofauti. Zinapowekwa bega kwa bega, mtazamaji hawezi tena kulichukulia jambo hili kama kisa cha ukoo mmoja wenye uchungu usiokwisha. Anauona utaratibu uliotumika mahali pengi.

Uamuzi wa pili unahusu mhusika mkuu. Filamu nyingi za hali halisi kuhusu ukoloni humweka mbele mwanahistoria anayeeleza, kisha wenyeji huitwa kuthibitisha maelezo yake. Katika Das leere Grab wanafamilia ndio wanaoiendesha safari. Wao ndio wanaouliza, ndio wanaosafiri hadi Berlin, na ndio wanaokabiliana na taratibu za ofisi. Mtaalamu hukutana na mtazamaji kupitia swali la mjukuu, na maarifa yake hupimwa kwa kigezo kimoja tu, nacho ni kama yanamsaidia mtu kumzika mzee wake.

Uamuzi wa tatu ni uongozaji wa watu wawili, mmoja wa Tanzania na mwingine wa Ujerumani. Ushirikiano wa aina hii una hatari zake. Mara nyingi fedha hutoka Kaskazini na simulizi hutoka Kusini, na mwenye fedha huwa ndiye mwenye neno la mwisho. Lakini somo lenyewe lina pande mbili: kaburi liko Tanzania na rafu za makumbusho ziko Ujerumani. Kwa hiyo uongozaji wa pamoja una mantiki ya kisanaa, hasa kwa sababu pande zote mbili zina jambo la kufanya na si la kusikiliza tu. Tarehe 1 Novemba 2023, wakati filamu ikikaribia kukamilika, Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea na kuomba msamaha kwa matendo ya Wajerumani. Maombi ya msamaha hutolewa kwa siku moja. Filamu, kwa kulinganisha, huonesha miaka ya kusubiri iliyotangulia siku hiyo na maswali yanayobaki baada ya msafara kuondoka.

5.0 Marehemu katika sarufi ya Kiswahili

Somo la filamu hii lina umuhimu wa pekee kwa mwanaisimu kwa sababu linaugusa mfumo wa ngeli. Kiswahili huwapa viumbe hai upatanisho wa a-/wa- bila kujali umbo la nomino. Husemwa "kijana amekuja" na "kiziwi amekuja", si "kimekuja". Je, binadamu akifa anabaki na upatanisho huo?

Matumizi yanaonesha ngazi kadhaa. Neno "marehemu" huchukua a- daima: "marehemu aliacha watoto watatu." Neno "maiti" huyumba, kwani wako wasemao "maiti amezikwa" na wako wasemao "maiti imezikwa". Neno "mwili" huchukua u-: "mwili umewasili." Neno "mzimu", ingawa humtaja mzee anayeaminiwa kuwa bado ana nguvu juu ya jamaa zake, nalo hufuata u-/i- katika matumizi ya wengi. Tukifika kwenye "fuvu", upatanisho ni li-/ya-, sawa na jiwe au tofali. Na tukifika kwenye "kielelezo" au "sampuli", hata umbo la mwili wa binadamu limetoweka katika neno.

Ngazi hii ndiyo njia waliyopitishwa wanyongwa wa Old Moshi. Asubuhi ya tarehe 2 Machi 1900 kila mmoja wao alikuwa "yeye". Baada ya kunyongwa, kukatwa, kusafirishwa na kuandikwa namba, wakawa "hayo". Mabadiliko hayo ya upatanisho ni muhtasari wa kile ambacho ukoloni uliwatendea. Kazi ya familia katika filamu ni kuipanda ngazi ileile kwenda juu: kutoka namba hadi fuvu, kutoka fuvu hadi jina, kutoka jina hadi "babu yetu".

Kauli ya kutendwa nayo inahitaji kuangaliwa. Kiswahili kinamruhusu msemaji kumwacha mtenda bila kumtaja: "lilichukuliwa", "lilipelekwa", "lilikusanywa". Hakuna kosa la kisarufi hapo, lakini sentensi hizo humwacha mtu akiondoka bila jina. Uteuzi wa kitenzi huongeza uzito. Anayesema "kukusanya" anaitaja kazi ya kitaaluma, kama kukusanya methali au mimea. Anayesema "kuchukua" hajatoa hukumu. Anayesema "kupora" ameshatoa hukumu. Mfasiri anayeandika maneno ya chini ya picha katika filamu ya namna hii hulazimika kuchagua kila mara, na kila chaguo humweka upande fulani, apende asipende.

Vivyo hivyo katika safari ya kurudi. Taasisi husema fuvu "litarejeshwa". Kitenzi hicho kina mrejeshaji, na ndiye mwenye uwezo. Jamaa husema mzee "atarudi". Hapo mwenye kutenda ni mzee mwenyewe, na ngeli yake ni a-. Sentensi hizi mbili zinaweza kulitaja tukio moja, sanduku moja na ndege moja, lakini hazitaji jambo moja.

6.0 Kitenzi kimoja, nyumba mbili

Mfano ulio muhimu kuliko yote ni wa kitenzi "kuhifadhi". Makumbusho huhifadhi. Huhifadhi vyungu, ngoma, mikuki na, kama ilivyoelezwa, mafuvu ya watu. Hapo kuhifadhi ni kukiweka kitu kisiharibike ili kiweze kuonwa na kuchunguzwa. Lakini katika lugha ya msiba, Waswahili huepuka kusema waziwazi kwamba mtu amefukiwa. Husema "tumemhifadhi" au "tumemsitiri", na tangazo la mazishi huweza kueleza kwamba marehemu "atahifadhiwa katika nyumba yake ya milele". Hapo kuhifadhi ni kumweka mtu ili asionwe tena, kwa heshima, chini ya udongo, mahali ambapo jamaa zake watapajua.

Kwa hiyo kitenzi kimoja kina maana mbili zinazopingana kuhusu macho ya watu. Makumbusho yakisema kwamba mafuvu "yamehifadhiwa vizuri", yanasema kweli kwa maana yao. Jamaa akisikia neno hilohilo, anajua kwamba mzee wake hajahifadhiwa. Tofauti ya kisarufi ipo palepale: kitu "huhifadhiwa" bila kiambishi cha yambwa kinachomtambua, ilhali marehemu "tunamhifadhi", na kiambishi -m- ndicho kinachombakiza kuwa mtu. Mgogoro ambao filamu ya Mlay inausimulia unaweza kuelezwa hivyo: ni mgogoro kati ya nyumba mbili zinazodai haki ya kitenzi kimoja.

Mtu wa Kilimanjaro ataielewa hoja hii bila kufafanuliwa. Kwa Mchaga, kihamba ni zaidi ya shamba la migomba na kahawa. Kihamba ndiko wazee walikolazwa, ndiko mipaka ilikowekwa kwa masale, na ndiko anakorudishwa aliyefia Dar es Salaam au Mwanza ili azikwe. Desturi za kale zilizoandikwa na watafiti wa mwanzoni mwa karne ya 20 zinaeleza kwamba baada ya muda mifupa ya mzee ilifukuliwa na kuwekwa kwa heshima kihambani, penye masale. Katika utamaduni kama huo, kuondoka na kichwa cha Mangi hakukuwa adhabu ya mtu mmoja tu. Kulikata mawasiliano kati ya ukoo na ardhi yake.

Jina la filamu nalo linabeba mvutano. Tafsiri yake ya moja kwa moja ni "kaburi tupu". Miteremko ya Kilimanjaro ni nchi ya Wakristo wengi, Walutheri na Wakatoliki. Wamisionari wa Leipzig walifika huko mwaka 1893, mwaka uleule Mangi Meli aliposhindwa. Kwa masikio ya muumini, kaburi tupu ni habari njema ya Pasaka: mwenye kaburi hayupo kwa sababu amefufuka. Kwa familia za Mbano na Kaaya, kaburi ni tupu kwa sababu mwenyewe aliporwa. Maneno ni yaleyale, na dini iliyoyaleta ilitoka katika nchi ileile iliyowachukua wazee. Kejeli hiyo haihitaji kufafanuliwa na msimulizi. Imo katika jina.

7.0 Mipaka ya Kiswahili

Itakuwa si haki kukisifu Kiswahili bila kuonesha mipaka yake. Kingoni, Kimeru na lugha za Kichaga ndizo lugha ambazo wazee hao walizitumia kutoa amri, kuomba na kulaani. Mtu wa Meru na mtu wa Songea wanakutana kwa Kiswahili, na bila lugha hiyo filamu isingeweza kuwaonesha kuwa na dai moja. Lakini Kiswahili hakiwezi kubeba kila kitu. Cheo cha "mangi" kikifasiriwa kuwa "chifu", mamlaka yake hupunguzwa na kufanywa wadhifa wa chini ya serikali ya kikoloni. Kihamba kikifasiriwa kuwa "shamba", makaburi yake hupotea. Ni bora maneno hayo yaachwe kama yalivyo na yapokewe katika Kiswahili, kama ambavyo Kiswahili kimepokea maneno mengi kutoka kwa majirani zake na kutoka ng'ambo.

Aidha, msamiati wa Kiswahili kwa mambo haya bado haujatulia. "Mabaki" hutumika sana, lakini neno hilo humkumbusha msikilizaji chakula kilichosalia mezani. "Masalia" lina sauti ya kitaaluma, na hutumika pia kwa viumbe wa kale waliogeuka mawe. "Mifupa ya wazee" ni maneno ya nyumbani na yanaeleweka na kila mtu, ingawa waandishi wa hati rasmi huyakwepa. Kila moja kati ya haya litaandikwa katika barua, mikataba na vibao vya makumbusho katika miaka ijayo.

8.0 Hitimisho

Mhadhara huu umejaribu kuonesha kwamba mkabala wa Cece Mlay unafaa kusomwa sambamba na fasihi iliyoandikwa. Ameteua familia mbili ili kuonesha utaratibu mmoja, amewapa jamaa nafasi ya kuuliza badala ya kuulizwa, na ameliweka kaburi katikati ya filamu badala ya fuvu. Dhamira zake ni kifo kisicho na mazishi, haki isiyo na mahakama, na urithi wa majonzi kutoka kizazi kimoja hadi kingine. Dhamira hizo hazikuanza katika filamu. Zilianza chini ya mti, Old Moshi, mwaka 1900, na zimeendelea katika mazungumzo ya familia kwa zaidi ya miaka 120.

Kwa wanafunzi wa Kiswahili kuna kazi ya vitendo. Mafuvu yaliyotambuliwa yatahitaji hati za makabidhiano, na mengine yakitambuliwa, hati zitaongezeka. Wakalimani watakaa kati ya maofisa na wazee wa ukoo. Watafsiri wataandika maneno ya chini ya picha katika filamu zitakazofuata. Wengi wa watu hao watakuwa wamefundishwa katika idara za Kiswahili za vyuo vikuu. Watakapofika kwenye sentensi inayomhusu Mangi Lobulu au Akida, wasiiache kalamu iandike li- kwa mazoea. Wajiulize kwanza kama mwenye kutajwa ana jina, ana ukoo na ana kihamba kinachomsubiri. Akiwa navyo, upatanisho wake ni a-, na kitenzi kinachomfaa ni kurudi.